Tegla: Aliyekimbilia shule sasa amewajengea wengine

Huko Kapsait, katika milima ya Pokot Magharibi, Tegla Loroupe alianza shule akiwa na miaka saba. Shule ilikuwa umbali wa kilomita kumi hivi, na njia yote hiyo aliikimbia miguu mitupu. Nyumbani walikuwa watoto 25, na kazi ya msichana ilijulikana: kulima, kuchunga ng'ombe na kubeba wadogo zake mgongoni. Baba aliona mbio si jambo la mtoto wa kike (wazee wengi wa siku hizo watajitambua hapa). Mama ndiye aliyemtia moyo.

Yaliyofuata wapenzi wa riadha wanayajua. Mwaka wa 1994 alikuwa mwanamke wa kwanza kutoka Afrika kushinda mbio za marathon za New York, na 1995 akashinda tena. Mwaka wa 1998 alivunja rekodi ya dunia mjini Rotterdam kwa saa 2, dakika 20 na sekunde 47, kisha 1999 akaipunguza kwa sekunde nne mjini Berlin.

Lakini kila aliporudi nyumbani, bunduki zilikuwa bado zinalia. Wapokot, Waturkana, Wamarakwet na Wakaramojong wa Uganda wamevamiana kwa miaka mingi kwa sababu ya mifugo, malisho na maji. Ng'ombe wakishaswagwa, nyuma hubaki wajane na mayatima.

Mwaka wa 2003 Bi Loroupe alianzisha wakfu wa amani unaoitwa kwa jina lake, akaanza kuandaa mbio mjini Kapenguria. Hakuwaita mabingwa peke yao. Aliwaita wavamizi wenyewe, vijana waliozoea kukata masafa usiku wakiswaga mifugo ya watu. Novemba 2006, wapiganaji wapatao 2,000 wa makabila sita walikimbia pamoja, mtu na jirani aliyekuwa akimwinda.

Je, mbio za siku moja zaweza kumnyang'anya mtu bunduki? Wizi wa mifugo haujakoma, na asiyekubali hivyo anajidanganya. Ndiyo maana mimi naona kazi yake nzito zaidi ni ile shule aliyoijenga Kapenguria, ambako watoto waliofiwa na wazazi katika mavamizi wamepata darasa na malazi. Mpiganaji atarudi kwake jioni ya mbio. Mtoto atakaa na kitabu miaka.

Vita hivyo hivyo vya kufukuza watu makwao ndivyo vilivyompeleka katika kambi ya wakimbizi ya Kakuma, kaunti ya Turkana. Humo alitafuta vijana wenye mbio, wengi wakiwa hawana viatu, akawaleta Ngong kufanya mazoezi. Watano kati yao, wote wazaliwa wa Sudan Kusini, waliingia katika timu ya kwanza ya wakimbizi katika Olimpiki, Rio 2016, naye akiwa kiongozi wa msafara. Mmoja, Rose Nathike Lokonyen, ndiye aliyebeba bendera siku ya ufunguzi. Katika mbio zake za kwanza kule kambini alikuwa amekimbia miguu mitupu na kuibuka wa pili.

Huko Rio, katika mita 800, alimaliza wa saba katika kundi lake la mchujo. Safari hii alikuwa na viatu.