Makaa Yasiyopatikana Nyashimo

Mwanafunzi wa Nyashimo, wilayani Busega, asikiapo neno makaa hufikiria mkaa wa miti. Makaa ya mawe ni kitu kingine, na hata akichimba chini ya miguu yake hatayapata. Miamba ya matale iliyo kandokando ya Ghuba ya Speke ina umri uzidio miaka milioni 2,500. Ilipoganda, nchi kavu haikuwa na mti hata mmoja, na makaa ya mawe hutokana na mimea.

Mimea iliyofukiwa kinamasini bila kuoza kabisa huwa mboji. Uzito wa udongo na joto la ardhini huikamua maji na gesi, kaboni ikazidi kukolea. Kwanza hupatikana linyiti, laini na yenye maji mengi, isiyostahili gharama ya kusafirishwa mbali, kisha bituminasi, mwisho anthrasiti, ngumu, ing'aayo, yenye kaboni zaidi ya asilimia 86, iwakayo karibu bila moshi.

Makaa ya Tanzania yako kusini, katika miamba ya Karoo: Kiwira, Mchuchuma, Ngaka. Mengi ni jamii ya bituminasi, yafaayo kuchomea saruji na kuzalishia umeme. Kuyeyusha chuma ni jambo jingine: tanuri hudai koki, na si kila bituminasi hugeuka koki. Mengine, yakipashwa moto pasipo hewa, huwa vumbi tu.

Je, yangeokoa miti ya Nyashimo? Jikoni moshi wake wenye salfa hudhuru. Tena kutoka Ngaka ni zaidi ya kilometa 1,000 kwa barabara, na lori hutoza nauli ya majivu sawasawa na ya kaboni.