Jemadari Mathews, Baharia Aliyefika Bara

Sisi wa Gulwe twaijua sana njia ya reli, lakini ni wachache wetu wakumbukao ya kuwa kabla yake palikuwa na njia ya miguu. Misafara iliondoka Saadani na Bagamoyo, ikapanda milima, ikapita Mamboya katika nchi ya Wakaguru, ikafika Mpwapwa, na hapo ikaingia Ugogo. Leo twataka kueleza habari za mtu wa baharini ambaye kazi yake ilimfikisha katika njia ile: Lloyd Mathews, Mwingereza.

Alizaliwa mwaka 1850 katika kisiwa cha Madeira, akaingia katika manowari za Uingereza mwaka 1863, naye angali mtoto wa miaka kumi na mitatu. Mwaka 1875 aliwekwa katika manowari iitwayo London, iliyotia nanga Unguja. Kazi ya mabaharia wake ilikuwa kukamata majahazi yaliyochukua watumwa kwa siri. Maana Sultani Seyyid Barghash alikuwa amekwisha kulifunga soko la watumwa mwaka 1873.

Mwaka 1877 Sultani alitaka jeshi la namna mpya, naye Mathews akapewa kazi ya kulifundisha. Zamani askari wa Sultani walikuwa Waarabu na watu wa Ajemi. Mathews akawafungulia mlango Waafrika, na kabla ya mwaka kwisha watu 300 walikuwa wakijifunza kwata. Uingereza ikatoa bunduki 500.

Basi mwaka 1880 Sultani akampeleka bara, akajenga boma pale Mamboya. Boma lile lilikuwa la kulinda misafara, kuzuia biashara ya watumwa, na kuonyesha ya kuwa amri ya Unguja yafika mpaka kule. Lakini boma ni jambo moja, na kutawala nchi ni jambo jingine. Mwishoni mwa mwaka 1884 Carl Peters, Mdachi, alipita Usagara akiwatilisha wakubwa wa nchi alama katika karatasi zake. Mwaka 1885 serikali yake ikazikubali karatasi hizo. Sultani alikataa, lakini manowari za Kidachi zilipokuja kusimama mbele ya mji wake, hakuwa na la kufanya. Ndivyo nchi hizi za bara zilivyomponyoka, wala wenyeji wake hawakuulizwa.

Mathews alikuwa ameacha kazi ya manowari tangu mwaka 1881, akawa Jemadari wa Sultani. Mwaka 1890 Unguja ikawekwa chini ya ulinzi wa Uingereza, na mwaka uliofuata Mathews akafanywa Waziri wa Kwanza. Hapo ndipo palipo fundo la habari yetu. Alikuwa mtumishi wa Sultani, lakini Sultani hakuwa na uwezo wa kumwondoa. Je, bwana wake alikuwa nani?

Jibu lilionekana tarehe 27 Agosti 1896. Seyyid Khalid bin Barghash alikuwa amekalia kiti cha usultani bila idhini ya Waingereza. Manowari zikaipiga jumba lake kwa mizinga muda usiotimia saa moja, na watu wa Khalid wapatao 500 wakauawa au kujeruhiwa. Mathews alisimama upande wa manowari, pamoja na askari wa Unguja wapatao 900. Watu wa kisiwa kimoja wakawa pande mbili za bunduki.

Mwaka 1897 Sultani Hamoud alitoa amri iliyouondoa utumwa katika sheria ya Unguja na Pemba. Mathews alikaa katika uwaziri mpaka alipokufa kwa homa ya malaria mwezi wa Oktoba 1901, akazikwa kule kule Unguja.

Wahenga walisema, mshika mawili moja humponyoka. Mathews aliutumikia usultani zaidi ya miaka ishirini, akapigana na biashara ya watumwa, nasi hatumnyimi sifa hiyo. Lakini mikononi mwake ulibaki usultani wa jina tu. Basi tupitapo katika njia ya Mamboya, na tuwakumbuke pia wale askari na wapagazi ambao majina yao hayakuandikwa.