Crystal Chronicles: Remasta ilirudisha gemu, lakini kochi ikabaki tupu

Kama umewahi kuingia base ya PlayStation mtaani, unajua vile huenda. Tivii moja, pedi mbili, benchi moja na wasee saba wanangoja zamu. Anayecheza anapigiwa kelele na watu ambao hata hawajashika pedi. Ukifungwa unainuka, unampisha mwenye alikuwa nyuma yako, halafu unaanza kumchambua yeye pia. Hakuna mtu huenda huko ju ya gemu pekee. Watu huenda ju ya watu.

Weka hiyo picha kwa kichwa, ju leo tunabonga kuhusu gemu moja iliyotengenezwa Japani kwa sababu hiyo hiyo, ikapotea miaka mingi, halafu ikarudishwa ikiwa imesafishwa na kung'arishwa. Inaitwa Final Fantasy Crystal Chronicles. Swali letu ni rahisi: ukirudisha gemu ya kukaa pamoja halafu uondoe kukaa pamoja, umerudisha nini?

Ilianzia wapi?

Rudi nyuma kidogo. Miaka ya themanini na tisini, Final Fantasy ilikuwa mali ya Nintendo. Halafu 1997 kampuni ya Square ikachukua Final Fantasy VII ikaipeleka PlayStation, na hiyo ndoa na Nintendo ikavunjika. Miaka kadhaa hawakusalimiana.

Maridhiano yalikuja na hii gemu. Ilitoka Japani Agosti 2003, na Marekani na Ulaya mapema 2004, kwa mashine ya Nintendo iliyoitwa GameCube. Pesa za kuianzisha zilisaidiwa na hazina ya Hiroshi Yamauchi, yule mzee aliyeiongoza Nintendo miongo mingi. Ilikuwa Final Fantasy ya kwanza kwa mashine ya nyumbani ya Nintendo tangu ile ya sita, ya 1994.

Sasa cheki. Final Fantasy nyingi ni gemu za mtu mmoja. Unakaa peke yako, unasoma stori, unangoja zamu yako ya kupiga. Hii ilikuwa tofauti kabisa. Hapa unakimbia, unapiga, unarusha uchawi papo hapo, na mnaweza kuwa wanne kwa skrini moja.

Stori yenyewe

Dunia imefunikwa na hewa ya sumu. Ukiivuta, unakufa. Kila kijiji kinaishi kwa sababu ya kristali moja kubwa inayofukuza hiyo hewa, lakini nguvu ya kristali huisha kila mwaka. Ili kuisafisha lazima upate manemane, matone yanayotoka kwa miti michache iliyojificha mwisho wa mapango yenye majitu. Matone matatu yanatosha mwaka mmoja. Mwaka ukiisha, mnaanza tena.

Kwa hivyo kila kijiji kinachagua vijana, kinawapa kikombe kikubwa cha kubebea manemane, na wanatoka kama msafara. Wewe ni mmoja wa hao vijana. Unachagua kabila lako kati ya manne: Clavat wanaojikinga vizuri, Lilty wafupi lakini wanapiga mbaya, Yuke wa uchawi, na Selkie wepesi kama paka. Unachagua hata kazi ya wazazi wako, kama ni wahunzi, washonaji ama wakulima. Ukiwa na mzazi mhunzi, silaha unatengenezewa nyumbani.

Halafu kuna hii, na ndiyo ilishika watu roho: ukimaliza pango, unaletewa barua kutoka nyumbani. Mathe anauliza unaendeleaje. Mdogo wako anataka kitu. Unaweza kujibu, unaweza kutuma zawadi ama pesa kidogo. Msee yeyote aliyetoka kwao akaja tao kutafuta anajua hiyo barua, hata kama siku hizi huja kama simu ya jioni.

Kwa nini lazima muwe karibu

Ujanja wa gemu uko kwa kile kikombe. Kinafukuza ile hewa mbaya, lakini kwa duara dogo tu linalokizunguka. Ukitoka nje ya duara, maisha yako yanaanza kushuka. Na mtu lazima akibebe. Mwenye amekibeba hawezi kupiga. Lazima akiweke chini kwanza.

Umeona hiyo hesabu? Mko wanne, adui wanakuja, mmoja wenu mikono imejaa. Mkimkimbia, mnakufa. Akikiweka chini mahali pabaya, mnakwama. Kuna yule beshte wa kutaka kukimbilia sanduku la hazina mbali, na kuna yule amebeba kikombe akisema mimi siendi huko. Hiyo kesi haiamuliwi na gemu. Inaamuliwa kwa kochi, kwa mdomo.

Uchawi nao uko hivyo. Moto wako mmoja ni moto wa kawaida. Lakini wawili wakilenga mahali pamoja na kuachilia kwa wakati mmoja, unakuwa Fira, moto mkali zaidi. Kuna mchanganyiko wa kuangusha adui anayeruka, na kuna mwingine wa kufanya mzimu uwe na mwili ndio silaha zenu zimguse. Kwa hivyo mnahesabu kwa sauti: moja, mbili, tatu, achilia! Mmoja akichelewa, nyote mnajua ni nani.

Shida ya waya

Hapa ndipo mambo yaligeuka kuwa ya wenye pesa. Ili mcheze wengi, pedi za kawaida hazikukubalika. Kila mchezaji alihitaji Game Boy Advance yake, ile mashine ndogo ya mkononi, pamoja na waya wa kuiunganisha na GameCube. Wanne, mashine nne, waya nne. Game Boy Advance ilianza kuuzwa Marekani 2001 kwa karibu dola 100. Kwa hiyo bei ya kuanzia, pedi zenu zilikuwa dola 400 kabla hujaongeza GameCube yenyewe na tivii.

Wengi waliona huo ni wizi wa mchana. Lakini si kwamba wale waya walikuwa pambo tu. Kila mtu kwa kijiskrini chake alionyeshwa kitu tofauti: mmoja ana ramani, mwingine anaona adui wako wapi, mwingine anaona hazina. Hakuna aliyekuwa na habari zote, kwa hivyo mlilazimika kuambiana. Juu ya hiyo, kila mmoja alipewa kazi ya siri ya kupata pointi, na mwenye pointi nyingi mwisho wa pango anachagua zawadi wa kwanza. Mnasaidiana, lakini kila mtu ana ajenda yake mfukoni. Kama familia.

Matokeo yakawa haya: gemu iliyosifiwa sana, ambayo watu wengi hawakuwahi kuicheza vile ilikusudiwa. Waliicheza peke yao, kikombe kikibebwa na kale kanyama kanakoitwa Mog.

Remasta maanake nini?

Kabla tuendelee, tutenganishe vitu viwili ambavyo huchanganywa. Kuna kuunda gemu upya: unabomoa nyumba, unajenga nyingine kwa ploti ile ile. Halafu kuna remasta: nyumba ni ile ile, umepaka rangi, umebadilisha mabati, umeingiza stima. Kuta hazijasonga.

Square Enix ilitangaza remasta ya Crystal Chronicles 2018. Ilikuwa itoke mapema 2020, ikasukumwa mbele, na mwishowe ikatoka 27 Agosti 2020 kwa PS4, Nintendo Switch, iOS na Android. Picha zilisafishwa, wahusika wakapewa sauti, muziki wa Kumi Tanioka, ule wa ala za kizamani za Ulaya, ukafanyiwa kazi upya. Yakaongezwa mapango mapya magumu ya wale waliomaliza stori. Na waya? Waya zikaisha. Mwenye PS4 angeweza kucheza na mwenye simu kupitia intaneti. Kulikuwa na hata toleo la bure, Lite, lenye mapango matatu ya mwanzo, na ukialikwa na mwenye amenunua gemu nzima unaingia naye mbali zaidi.

Kwa karatasi, hiyo ni ndoto. Kile kizuizi cha pesa kimeondolewa. Simu iko kwa kila mfuko. Agosti 2020 pia dunia ilikuwa imefungiwa ndani na korona, na watu walikuwa wanatafuta vile watakutana bila kukutana.

Mahali iliteleza

Kwanza, kucheza kwa kochi kuliondolewa kabisa. Hata mkiwa kwa keja moja, tivii moja, kila mtu lazima awe na mashine yake na apitie intaneti. Ukifikiria vizuri, ni ile shida ya 2003 imerudi na jina jipya: watu wanne, mashine nne. Tofauti ni kwamba sasa hamhitaji hata kuangalia skrini moja.

Pili, kule kwa gemu ya zamani msafara ulikuwa wenu wote. Mlitembea ramani pamoja, mliingia vijijini pamoja. Kwa remasta mnakutana ndani ya pango tu. Likiisha, kila mtu anarudi kwake.

Tatu, na hii ndiyo iliuma wasee zaidi: tone la manemane linahesabika kwa mwenye amewaalika pekee. Nyinyi wengine mmetoa jasho, lakini stori yenu haijasonga hatua.

Tufanye hesabu ya duka. Kumaliza mwaka mmoja unahitaji matone matatu, yaani mapango matatu. Kwa gemu ya zamani, watu wanne wangepita hayo mapango mara tatu, basi, mwaka umeisha kwa wote. Kwa remasta, kila pango lazima lirudiwe mara nne ili kila mmoja apate tone lake. Tatu mara nne, kumi na mbili. Na hiyo ni mwaka mmoja wa gemu yenye miaka kadhaa. Ni mbogi gani itavumilia hivyo? Msafara wa kijiji umegeuka kuwa vibarua vinne vya kusaidiana shamba kwa zamu, na vibarua hivyo ukichoka mapema, mwenzako hajalimiwa.

Si wao peke yao walifanya hivi. Diablo II: Resurrected, iliyotoka Septemba 2021, ilirudi bila ule mfumo wa zamani wa kuunganisha kompyuta moja kwa moja bila kupitia seva za kampuni. Kwa upande mwingine, Secret of Mana ilipoundwa upya 2018, ilibaki na watu watatu kwa kochi moja. Kwa hivyo inawezekana. Ni uamuzi tu.

Halafu kikaja kisa cha simu

Kama ulidhani kununua ni kumiliki, sikia hii. Mapema 2025 Square Enix ilitangaza kuwa toleo la iPhone na iPad linaondolewa. Kulikuwa na hitilafu kwa mfumo wa manunuzi ya ndani ya gemu, watu wakashindwa kufungua vitu walivyolipia, na kampuni ikasema haiwezi kuirekebisha. Baadhi ya wanunuzi waliambiwa wanaweza kuomba kurudishiwa pesa.

Sasa linganisha. Ile diski ndogo ya GameCube ya 2003, kama haijakwaruzwa, leo ukiiweka kwa mashine inawaka. Waya zilikuwa ghali, zilikuwa kero, zilijaza meza. Lakini hakuna mtu ofisini anaweza kuamka asubuhi akaamua zisifanye kazi. Toleo lililokuja kuokoa gemu, kwa iPhone halikumaliza miaka mitano.

Uicheze ama uiwache?

Kama uko na PS4 ama Switch na unadai gemu tulivu yenye muziki mtamu na stori ya pole pole, bado inafaa, hasa ukiwa peke yako. Zile barua za nyumbani ziko. Mog bado anabeba kikombe. Soma kila barua, na ujibu.

Kama ni mbogi, kubaliana na mabeshte zako mapema: mmoja ndiye mwenyeji, stori ni ya kwake, nyinyi wengine mmekuja kumsaidia. Mkiingia mkijua hivyo hamtakosana. Na pigianeni simu mkicheza, ju bila kuhesabu moja mbili tatu kwa sauti, mtakuwa mmecheza nusu ya gemu.

Lakini somo kubwa ni la watengenezaji, na pia sisi wanunuzi. Tukiskia gemu ya zamani inarudi, huwa tunauliza picha ziko aje. Hilo swali ni rahisi na jibu lake huonekana kwa video ya dakika moja. La maana ni hili: tutaicheza vipi, na nani, na hiyo njia itakuwepo mpaka lini? Ju kile kikombe hakikuwekwa kwa gemu ndio kipendeze. Kiliwekwa ndio watu wanne wasiachane.