Mbao za Sakafu: Ugumu na Kudumu

Mtu atakaye kutandika sakafu ya mbao nyumbani mwake huuliza neno moja tu: "Mbao zipi ni ngumu?" Swali hilo ni jema, lakini halitoshi. Sakafu ina adui wa namna mbili. Wa juu ni nyayo, viatu na miguu ya viti. Hao hushindwa na ugumu. Wa chini ni unyevu na mchwa. Hao hawazuiwi na ugumu peke yake, bali na dawa ya asili iliyomo katika kiini cha miti fulani.

Ugumu hupimwa hivi. Mwaka 1906 mtaalamu Gabriel Janka wa Austria alieleza njia ya kukandamiza tufe la chuma, lenye upana wa milimita 11.28, mpaka nusu yake izame katika ubao. Nguvu itakiwayo ndiyo kipimo. Mpingo wataka yapata kilo 1,660, mvule 570, na msaji 480 tu. Walakini mpingo haufai kwa sakafu, maana shina lake ni fupi tena limepinda, halitoi mbao ndefu. Nao msaji, ingawa ni laini kuliko mvule, hudumu miaka mingi, kwa kuwa kiini chake kina mafuta yasiyopendwa na mchwa.

Sisi wenyewe tulijifunza neno hili kwa hasara. Tulitandika mbao za mvule chumbani mwa mama yetu, tukaridhika na jina la mti, tusiangalie kwamba baadhi yake zilikuwa na kingo nyeupe. Weupe huo ni sehemu ya nje ya mti, si kiini. Masika ya pili yalipokwisha, usiku mmoja mguu wa kitanda ukazama, na mama akaanguka. Tulipong'oa mbao tuliona mchwa wamekula weupe wote, na kiini chekundu-chekundu ki kizima kama siku ya kwanza.

Basi, chagueni kiini kitupu cha mvule, mkongo, msaji au mninga; na mninga una sifa ya kutopinda sana ukikauka. Zikausheni mbao kivulini kabla ya kuzipigilia misumari, na chini ya sakafu acheni nafasi ya kupita hewa. Lakini kwanza, kabla ya kumlipa mwuza mbao, geuzeni kila ubao mkatazame kingo zake.