Hesabu za Albamu ya Kwanza: Msanii wa Kujitegemea Kati ya Kigodoro na Soko la Mtandaoni

Muziki wa kielektroniki, yaani muziki ambao sauti zake huundwa kwa kinanda cha umeme au programu ya kompyuta, si mgeni mkoani Pwani, kwa kuwa mchiriku, uliochipuka katika ngoma za Wazaramo, ulikwisha kupigwa kwa vinanda vidogo vya Casio katika miaka ya 1990, sauti ikipitishwa kwenye vipaza sauti vilivyoikwaruza kwa makusudi. Kundi la Jagwa Music liliifikisha sauti hiyo Ulaya kwa albamu ya Bongo Hotheads, iliyotolewa na kampuni ya Crammed Discs ya Ubelgiji mwaka 2012.

Mrithi wa mchiriku ni singeli, ambayo mapigo yake huweza kupita 200 kwa dakika. Studio ya Sisso ya Mburahati, Dar es Salaam, ilishirikiana na lebo ya Nyege Nyege Tapes ya Kampala kutoa mkusanyiko wa Sounds of Sisso mwaka 2017, na baadaye zikafuata albamu za watayarishaji mmojammoja, zikiwamo Poaa ya Bamba Pana, Tatizo Pesa ya Jay Mitta na Mateso ya Sisso mwenyewe. Majina ya albamu hizo mbili za mwisho yanatosha kuonesha kwamba muziki huu wa kuchezeka umebeba pia upande mzito wa maisha ya uswahilini.

Kwa kijana wa Mkuza, Kibaha, au wa Kisarawe, gharama ya kurekodi si kizuizi kikubwa kama zamani, maana kompyuta moja, maikrofoni na programu kama FL Studio hufanya kazi iliyohitaji studio nzima. Ugumu umehamia kwenye mapato. Majukwaa ya kusikiliza muziki mtandaoni kwa kawaida hayalipi bei maalumu kwa kila wimbo, bali hugawa fungu la pamoja kwa uwiano wa usikilizwaji, hivyo msanii mwenye wasikilizaji wachache hupata kiasi kidogo mno. Bandcamp, inayouza albamu moja kwa moja kwa mnunuzi, hukata asilimia 15 ya mauzo ya kidijitali, kwa hiyo albamu ya dola 10 humwachia msanii dola 8.50 kabla ya ada za malipo. Ni njia yenye heshima zaidi kwa msanii, ingawa wanunuzi wake wengi wako ng'ambo. Nyumbani, fedha taslimu hutoka kwenye vigodoro, yaani sherehe za mtaani zinazokesha, na albamu humsaidia mwenye nayo kupandisha bei ya kualikwa.

Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 humlinda mtunzi katika uhai wake na miaka 50 baada ya kifo, lakini haiwezi kuziba pengo la makubaliano yasiyoandikwa. Mgawanyo kati ya mwimbaji, mtayarishaji na mwenye studio unapaswa kusainiwa kabla wimbo haujakabidhiwa kwa msambazaji wa mtandaoni, kwa sababu malipo hufuata jina lililosajiliwa kwenye akaunti.