Baridi Haijui Cheo

Kutoka Ncha ya Kaskazini hadi vilele vya Ruwenzori

Mchana wa jua kali huko Misiera, katika makazi ya wakimbizi ya Nakivale, si wakati ambao mtu angetazamia kusikia habari za barafu. Vumbi huinuka nyuma ya kila gari, mbuzi hugombea kivuli, na maji ya ziwa humeta kama bati jipya. Lakini ndipo tulipozisikia. Tulikuwa tumeketi chini ya mti pamoja na askari wenzetu wa jeshi na wa polisi, na mzee mmoja aliyetoka upande wa Beni akanyoosha mkono kuelekea kaskazini-magharibi, akasema kwa Kiswahili cha kwao: "Afande, mimi nimeona risasi, nimeona na njaa. Lakini baridi ya mulima ile ndiyo iliniogopesha kupita vyote. Risasi inaweza kukosa mutu. Baridi haikosi."

Neno hilo tulirudi nalo hadi Mbarara, nalo halikututoka. Wengi wetu tuliovaa sare katika nchi hii tumezoea kumhesabu adui mwenye bunduki. Adui asiye na bunduki, anayeingia kupitia soksi iliyolowa na blanketi lililosahauliwa kambini, hatumhesabu mpaka amekwisha kutuumiza. Kwa hiyo tumeona inafaa kuwasimulia wasomaji wetu habari za watu waliopambana na adui huyo kule mwisho wa dunia, kisha wakaja kupambana naye hapa kwetu Uganda.

MELI YABANWA NA BARAFU

Mwaka 1899 afisa kijana wa jeshi la majini la Italia, Luigi Amedeo wa Savoia, aliyejulikana kwa cheo cha Mtawala wa Abruzzi, alifunga safari kwenda Ncha ya Kaskazini. Alikuwa na umri wa miaka 26. Alisafiri kwa meli iliyoitwa Stella Polare, akiwa na Waitalia na Wanorwe, pamoja na mbwa zaidi ya mia moja wa kuburuta mizigo juu ya barafu. Walitia nanga katika kisiwa cha Rudolf, kwenye visiwa vya Franz Josef, kaskazini kabisa mwa Urusi.

Mwezi Septemba barafu ya bahari iliibana meli hiyo hata mbavu zake zikavunjika na maji yakaingia. Hapakuwa na bandari, wala kijiji, wala njia ya kupeleka habari. Watu wale walishusha chakula, makaa na vyombo usiku na mchana, wakajenga kambi ya mahema ufukweni, na humo wakakaa majira yote ya baridi, katika giza la miezi ambayo jua halichomozi kabisa.

Katika mazoezi ya majira hayo, Mtawala mwenyewe aliumizwa vibaya na baridi. Nyama ya vidole ilikufa, na ikabidi daktari wa msafara, Achille Cavalli Molinelli, akate sehemu za vidole viwili vya mkono wake wa kushoto. Hapo ndipo kiongozi huyo alipofanya jambo ambalo twaona ni gumu kuliko kupanda mlima. Alikubali kwamba hawezi tena kuongoza safari aliyoiota na kuigharimia kwa jasho, akamkabidhi uongozi msaidizi wake, Kapteni Umberto Cagni.

Cagni aliondoka kambini tarehe 11 Machi, 1900. Mpango ulikuwa kwamba makundi ya kusaidia yasindikize mizigo, kisha yarudi moja baada ya jingine. Kundi la kwanza kurudishwa lilikuwa la watu watatu: Luteni Francesco Querini, mwongozaji wa milimani Felice Ollier, na fundi Mnorwe aliyeitwa Støkken. Waliagana na wenzao, wakageuka kuelekea kambini, na hawakuonekana tena. Mwaka uliofuata baba yake Støkken alikwenda na meli kuwatafuta. Hakupata hata kipande cha hema.

Cagni na wenzake watatu waliendelea, na tarehe 25 Aprili walifika nyuzi 86 na dakika 34 za kaskazini, mahali ambapo hapajafikiwa na mtu kabla yao. Hapo Cagni aliagiza warudi, maana chakula kilichosalia hakikuruhusu hatua zaidi. Kurudi kulikuwa kugumu kuliko kwenda. Barafu waliyoikanyaga ilikuwa ikielea na kuwasukuma kando ya njia yao, hata wakitembea siku nzima huku kambi ikizidi kuwa mbali. Waliwala mbwa wao. Cagni alijikata mwenyewe kidole kilichooza kwa baridi. Waliingia kambini tarehe 23 Juni, baada ya siku 104, wakiwa wamebakiwa na mbwa saba tu.

KUJUA SAA YA KUGEUKA

Wapo watakaosema kwamba kurudi ni woga. Na tuwatazame basi viongozi wawili wa Uingereza waliokwenda Ncha ya Kusini. Ernest Shackleton, tarehe 9 Januari, 1909, alikuwa amebakiza kilomita 180 hivi kufika. Alipima chakula, akapima nguvu za watu wake, akageuka. Wote wanne wakarudi hai. Robert Falcon Scott alifika Ncha hiyo tarehe 17 Januari, 1912, akakuta Roald Amundsen wa Norwe amemtangulia kwa zaidi ya mwezi mmoja. Katika kurudi, Scott na wenzake wanne walikufa wote, na hema la mwisho lilikutwa umbali wa kilomita 18 hivi kutoka kwenye ghala ya chakula.

Hatumdharau Scott, kwani ushujaa wake haupingiki. Twasema tu kwamba ushujaa bila hesabu ni mzigo unaobebwa na walio chini ya kamanda.

BARAFU CHINI YA MSTARI WA IKWETA

Miaka sita baada ya kutoka kaskazini, Mtawala wa Abruzzi aliikabili milima yetu. Ulimwengu wa nje ulikuwa umeisikia theluji ya Ruwenzori kwa Henry Stanley mwaka 1888, lakini vilele vyake vilikuwa vimewashinda waliojaribu. Mwaka 1905 bingwa wa milima, Douglas Freshfield, alirudishwa nyuma na mvua isiyokoma.

Mtawala alifika Mombasa mwezi Mei, 1906, akapanda gari moshi hadi ziwa Viktoria, akavuka hadi Entebbe, na kutoka hapo msafara ukaenda kwa miguu hadi Fort Portal na bonde la mto Mobuku. Pamoja naye walikuwamo watu waliokwisha kuonja Ncha ya Kaskazini: daktari Cavalli Molinelli, Cagni, ambaye homa ilimchelewesha njiani, na Joseph Petigax, mwongozaji aliyekuwa mmoja wa wale watatu waliofika na Cagni nyuzi 86. Alikuwamo pia César Ollier wa Courmayeur, mji uleule na jina lileile la ukoo kama yule aliyepotea barafuni.

Wapagazi wa Kibakonzo ndio waliobeba mizigo hadi Bujongolo, mahali penye jabali lililoinama kama paa, urefu wa mita 3,800 hivi. Walipita matope yaliyofika magotini, mizizi yenye utelezi na mvua ya barafu, na wengi wao bila viatu. Kwao vilele vile vilikuwa makao ya Kitasamba, wala si mahali pa kuchezea. Vitabu vinawataja Waitalia kwa majina yao yote. Wapagazi vinawataja kwa jumla tu. Vilele vyenyewe vilipewa majina ya malkia wa Ulaya, Margherita na Alexandra. Sisi twasema bila kusita kwamba bila migongo ya Wabakonzo hakuna kilele ambacho kingekanyagwa mwaka ule.

Tarehe 18 Juni, 1906, Mtawala na waongozaji watatu, Petigax, Ollier na Brocherel, walikata ngazi katika barafu huku ukungu ukiwafunika. Karibu na kilele cha Margherita walizuiwa na ukuta wa barafu ulioning'inia. Ollier alijitegemeza ukutani. Petigax akampanda mabegani, kisha kichwani, kwa viatu vilevile vyenye misumari, akapata pa kushika, akawavuta wenzake kwa kamba. Hivyo ndivyo walivyofika mita 5,109, kilele cha juu kuliko vyote katika Uganda na Kongo.

TUJIFUNZE NINI?

Askari akitoka Mbarara, iliyo kwenye mita 1,400 hivi, hadi kilele hicho, hewa hupoa kwa karibu nyuzi 6 kila mita 1,000, yaani nyuzi 22 kwa jumla. Mwaka 1996 waasi wa ADF waliposhambulia Mpondwe, vita vilipanda miteremko hiyo, na wengi waliopelekwa huko walitoka nchi za joto. Yafaa basi tuyashike haya.

Kwanza, Ruwenzori huua kwa majimaji kuliko kwa theluji. Nguo iliyolowa hunyonya joto la mwili upesi mno. Soksi moja kavu itunzwe kama risasi ya mwisho, na kamanda akague miguu ya askari wake kila jioni.

Pili, pombe haileti joto. Humdanganya mtu kwamba amepata moto, huku joto la ndani likitoka kupitia ngozi. Anayetetemeka apewe nguo kavu, chakula na kinywaji cha moto. Akiacha kutetemeka na kuanza kusema maneno yasiyoeleweka, hiyo si nafuu. Ni hatari kubwa.

Tatu, kidole kilichokufa ganzi kwa baridi kisisuguliwe. Na mtu anayekohoa na kukosa pumzi huko juu hata akiwa amepumzika, dawa yake ya kwanza ni kuteremshwa, bila kungoja asubuhi.

Nne, tusilirudishe kundi dogo nyuma bila njia iliyo wazi, chakula cha akiba na siku maalumu ya kuanza kulitafuta. Mioyo ya baba zetu na mama zetu isipate kusafiri kama ile ya baba yake Støkken.

Tano, aliyeumia aseme, hata awe na nyota mabegani. Kamanda anayeficha jeraha lake huwafundisha vijana wake kuficha yao.

Barafu yenyewe sasa inatutoka. Mwaka 1906 ilifunika karibu kilomita 6.5 za mraba. Ilipopimwa mwaka 2003 ilikuwa chini ya kilomita moja. Yamkini wajukuu zetu wataisoma vitabuni tu. Lakini mvua, ukungu na upepo wa usiku vitabaki pale pale, na askari wa doria ataendelea kukutana navyo.

Tulipoagana na yule mzee wa Misiera tulimwuliza alivyonusurika. Alitazama viatu vyetu kwanza, kisha akajibu: "Tulikuwa watu ine, blanketi ilikuwa moja. Tulilala katikati kwa zamu."

Amri bora kuliko hiyo hatujaisoma katika kitabu chochote cha kijeshi.