Vyama, jimbo na enzi ya taifa: tufahamu kabla ya kubishana



Tarehe 23 Oktoba 2024, akiwa Kisangani, Rais Félix Tshisekedi alitangaza kwamba ataunda tume ya kuitazama upya katiba ya nchi. Miezi mitatu baadaye, mwishoni mwa Januari 2025, kundi la M23 liliingia Goma, na katikati ya Februari likaingia Bukavu. Mwaka huohuo, muungano wa AFC ambao M23 ni sehemu yake, ukiongozwa na Corneille Nangaa, ukaanza kusema kwamba Kongo igeuzwe kuwa nchi ya shirikisho. Hivyo mambo mawili yakaja pamoja: mabishano ya vyama juu ya katiba, na vita.

Yanapokuja pamoja hivi, wa kwanza kuumia ni familia zilizokimbia. Mtu akitaja "shirikisho", jirani anadhani ni mtu wa waasi. Mwingine akisema "katiba isiguswe", anaitwa adui wa serikali. Aliyetoka Kivu jana anaulizwa leo ni wa upande gani, kabla hata ya kupewa maji ya kunywa. Kwa sababu hiyo tumeona vema kueleza maneno haya kwa utaratibu, ili wazee, mashefu wa mitaa, wakuu wa kamati za wahamaji na akina mama viongozi waweze kuongoza mazungumzo bila kuwasha moto.

Maneno manne yanayochanganywa

Enzi ya taifa ni mamlaka ya mwisho juu ya nchi: ni nani mwenye nchi, na ni nani mwenye neno la mwisho. Katiba ya 2006, kifungu cha 5, inajibu kwamba enzi hiyo ni ya wananchi. Wanaitumia wao wenyewe kwa uchaguzi au kwa kura ya maoni, au kwa njia ya wawakilishi wao. Hakuna mtu mmoja wala kikundi kimoja cha watu kinachoweza kujitwalia enzi hiyo.

Kugawa madaraka, ambako wengi tunakuita desantralizasio, ni nchi moja yenye serikali kuu, lakini majimbo, miji, komini, sekta na usultani vina kazi zao na fedha zao.

Shirikisho ni nchi moja pia. Tofauti ni kwamba majimbo yana uwezo mkubwa zaidi, mara nyingi na katiba zao wenyewe, na serikali kuu haiwezi kuwanyang'anya uwezo huo peke yake.

Kujitenga ni jambo jingine kabisa. Ni sehemu ya nchi kuondoka na kuwa nchi nyingine.

Anayetaka shirikisho si lazima awe anataka kujitenga. Ubelgiji ni shirikisho, Nigeria ni shirikisho, Ethiopia ni shirikisho. Vilevile anayetaka umoja wa nchi si lazima awe anataka kila kitu kiamuliwe Kinshasa. Tukitenganisha maneno haya manne, nusu ya ugomvi inapungua.

Maniema imekwisha kupita njia hii

Mabishano haya hayakuanza jana. Mwaka 1960, kabla ya uhuru, vyama viligawanyika juu ya jambo hilihili. MNC ya Patrice Lumumba ilitaka Kongo moja yenye serikali kuu yenye nguvu, na Maniema ilikuwa ngome yake. ABAKO ya Joseph Kasa-Vubu na CONAKAT ya Moïse Tshombe zilitaka shirikisho. Tarehe 11 Julai 1960, siku kumi na moja tu baada ya uhuru, Tshombe alitoka kwenye shirikisho akaenda kwenye kujitenga: alitangaza Katanga kuwa nchi. Jambo hilo halikumalizika hadi Januari 1963.

Kindu ililipa gharama yake. Tarehe 11 Novemba 1961, marubani na wahudumu wa ndege 13 kutoka Italia, waliokuwa wakifanya kazi ya Umoja wa Mataifa, walitua hapa wakileta vifaa kwa kikosi cha askari wa Malaya. Askari wa Kongo waliokuwa mjini waliwadhania kuwa mamluki wa Katanga. Waliuawa wote. Hakuna aliyeuliza kwa makini wao ni nani. Dhana na uvumi vilitosha. Tunakumbusha habari hii kwa sababu swali la "wewe ni wa upande gani?" limekwisha kuua watu katika mji huu.

Baadaye Maniema ikawa jimbo, wakati Kongo ilipogawanywa katika majimbo madogo kuanzia 1962. Katiba ya Luluabourg ya 1964, iliyokubaliwa kwa kura ya maoni, iliyapa majimbo 21 madaraka mengi. Lakini mwaka huohuo waasi wa Simba waliiteka Kindu, na mwaka 1966 Mobutu aliyapunguza majimbo. Maniema ikarudi ndani ya Kivu, na makao ya jimbo yakawa Bukavu. Ilisubiri mpaka 1988 ndipo Kivu ikagawanywa sehemu tatu: Kivu ya Kaskazini, Kivu ya Kusini na Maniema. Kwa hiyo ofisi ya gavana kuwa hapa Kindu, na si ng'ambo ya misitu na milima, ni jambo ambalo wazee wetu walilingoja miaka zaidi ya ishirini.

Mwaka 1992 Mkutano Mkuu wa Taifa uliokuwa Kinshasa ulipendekeza tena shirikisho. Halikutekelezwa. Katika miaka hiyohiyo, huko Katanga, viongozi wa siasa waliwachochea wenyeji dhidi ya watu wenye asili ya Kasai, na maelfu kwa maelfu wakafukuzwa kutoka Likasi na Kolwezi. Hapo mabishano juu ya jimbo yaligeuka kuwa swali la nani mwenyeji na nani mgeni. Ndiyo hatari tunayoiogopa zaidi.

Katiba ya 2006 inasema nini

Katiba iliyotangazwa tarehe 18 Februari 2006 ilichagua njia ya katikati. Haikuandika neno shirikisho, lakini ilipeleka madaraka majimboni. Mambo makuu ni haya:

Kila jimbo lina bunge lake, na wabunge hao ndio wanaomchagua gavana kwa miaka mitano.

Kifungu cha 175 kinasema jimbo libaki na sehemu 40 kwa mia ya mapato ya taifa, yakikatwa palepale yanapopatikana.

Kifungu cha 181 kinaweka mfuko wa kusaidia majimbo yenye upungufu, unaopata sehemu 10 kwa mia ya mapato ya taifa.

Kifungu cha 214 kinasema ardhi ya nchi haiwezi kutolewa, kubadilishwa wala kuongezwa bila wananchi kukubali kwa kura ya maoni.

Kifungu cha 220 kinakataza mabadiliko yoyote yanayopunguza haki za watu au madaraka ya majimbo. Kinakataza pia kugusa idadi na urefu wa vipindi vya rais.

Mwaka 2015 majimbo yaliongezeka kutoka 11 hadi 26, ukihesabu Kinshasa. Maniema haikugawanywa. Ilibaki na teritwari zake saba: Kabambare, Kailo, Kasongo, Kibombo, Lubutu, Pangi na Punia, pamoja na mji wa Kindu wenye komini tatu za Alunguli, Kasuku na Mikelenge.

Vyama vinabishana juu ya nini

Kwanza ni fedha. Kwa miaka mingi majimbo yamelalamika kwamba ile sehemu ya 40 kwa mia haikatwi palepale kama ilivyoandikwa. Fedha huenda kwanza Kinshasa, kisha kinachorudi huwa kidogo na huchelewa. Wengine husema dawa ni shirikisho. Wengine hujibu kwamba dawa ni kuitekeleza katiba iliyopo.

Pili ni uwezo wa gavana. Mabadiliko ya katiba ya 2011 yalimruhusu rais kulivunja bunge la jimbo au kumwondoa gavana wakati wa mgogoro mkubwa na wa muda mrefu. Wanaounga mkono wanasema bila hivyo majimbo hukwama katika ugomvi. Wanaopinga wanasema gavana sasa anaangalia Kinshasa kuliko wananchi waliomweka.

Tatu ni enzi ya taifa yenyewe. Kifungu cha 217 kinaruhusu Kongo kufanya mikataba ya kuacha sehemu ya enzi yake kwa ajili ya umoja wa Afrika. Baadhi ya viongozi wa chama cha UDPS walikitaja katika mabishano ya 2024 kuwa ni mlango wa kuiuza nchi. Wapinzani walijibu kwamba kifungu cha 214 kinailinda ardhi, na kwamba shabaha halisi ni kuongeza vipindi vya rais. Walitaja pia kifungu cha 219, kinachokataza kubadili katiba wakati wa vita au wa hali ya dharura.

Sisi si chama, na hatuwaambii mfuate upande gani. Tunasema tu kwamba kila moja ya hoja hizi inaweza kuzungumzwa na watu wenye akili timamu bila mmoja kumwita mwenzake msaliti. Sheria yenyewe inavitaka vyama vifanye hivyo: sheria ya Machi 2004 inakataza chama kujengwa juu ya kabila au eneo, na kifungu cha 190 cha katiba kinakataza mtu yeyote kuwa na wanamgambo au vijana wenye silaha.

Mfano wa mbali: Québec

Kuna jimbo jingine linalosema Kifaransa ambalo limebishana juu ya enzi kwa zaidi ya miaka hamsini. Ni Québec, katika nchi ya Kanada. Chama cha Parti Québécois kilianzishwa 1968 kikitaka Québec iwe nchi. Chama cha Liberal kilitaka ibaki Kanada. Mwaka 1970 kikundi kidogo cha watu wenye silaha kiliteka watu na kumuua waziri mmoja wa jimbo, na jeshi likaingizwa mitaani. Lakini njia iliyoshinda ilikuwa ya sanduku la kura. Mwaka 1980 watu karibu 60 kwa mia walikataa. Mwaka 1995 waliulizwa tena, na waliokataa walikuwa 50.58 kwa mia: tofauti ndogo sana. Walioshindwa waliumia moyoni, lakini walikwenda nyumbani kulala. Hakuna aliyefukuzwa kijijini kwake.

Mwaka 1998 mahakama kuu ya Kanada ilieleza kwamba jimbo haliwezi kuondoka kwa uamuzi wake peke yake. Lakini ikiwa wengi kwa uwazi wamejibu swali lililo wazi, wengine hawana budi kukaa mezani na kuzungumza nao. Kongo si Kanada, na katiba yetu haina mlango wa kujitenga. Tunachoweza kujifunza ni kwamba swali kubwa linaulizwa kwa maneno yaliyo wazi, na kura inapigwa wakati watu wako nyumbani kwao.

Familia zilizohama zina haki gani

Hapa ndipo jambo linapowagusa ninyi moja kwa moja. Mwaka 2018 uchaguzi uliahirishwa Beni na Butembo. Mwaka 2023 haukufanyika Masisi na Rutshuru kwa sababu ya vita. Mtu aliyekimbia hupoteza nyumba, shamba, na pia sauti yake. Ikiwa kura ya maoni juu ya katiba itaitwa siku moja, ni lazima swali la wahamaji liulizwe mapema: watajiandikisha wapi, na watapiga kura wapi?

Kanuni za Umoja wa Mataifa za 1998 juu ya wahamaji wa ndani, namba 22, zinasema mhamaji anabaki na haki ya kupiga kura na kushiriki mambo ya nchi. Kifungu cha 30 cha katiba yetu kinasema Mkongomani hawezi kulazimishwa kuishi nje ya makao yake ya kawaida. Kifungu cha 13 kinakataza kumbagua mtu kwa sababu ya kabila, makao au msimamo wa siasa. Mhamaji aliyefika Kindu kutoka Kivu au Kabambare ni mwananchi, wala si mgeni wa kisiasa.

Tufanye nini hapa Kindu

Viongozi wa kamati na mashefu wa mitaa, msiruhusu ugawaji wa chakula au orodha ya msaada ichanganywe na kadi ya chama. Mwanasiasa akija kambini au mtaani, akaribishwe kama wengine, na mpinzani wake apewe nafasi ileile.

Tunzeni kadi za mchaguzi na vyeti vya kuzaliwa vya watoto. Aliyepoteza karatasi atoe taarifa mapema kwa shefu wa mtaa, kabla orodha hazijafungwa.

Uvumi ukija kwamba kundi fulani limeingia au familia fulani ni ya waasi, ulizeni mambo matatu kabla ya kuupeleka mbele: nani kaona, wapi, lini? Kama hakuna jibu, neno hilo liishie hapo.

Maswali ya kuzungumzia katika kikundi

1. Katika mtaa wetu, tunaposema "shirikisho", kila mmoja anaelewa nini?
2. Ni kazi gani tungependa jimbo lifanye lenyewe, na ni kazi gani ibaki Kinshasa? Kwa nini?
3. Je, wahamaji walio kwetu wanaitwa katika mikutano ya mtaa? Kama hawaitwi, nani atawaita?
4. Ni neno gani la siasa linalowaumiza majirani zetu, ambalo tunaweza kukubaliana kuliacha?